Gilbert Chesterton, Mlei Aliyeitetea Imani kwa Kalamu

Tunapowafikiria watu walioitumikia dini yetu kwa nguvu, kwa kawaida twawakumbuka maaskofu, mapadre, watawa na makatekista. Ni haki kufanya hivyo. Lakini leo twapenda kuwaeleza wasomaji wetu habari za mtu ambaye hakuwa padre wala mtawa. Alikuwa mlei, mwenye mke na nyumba, na riziki yake aliipata kwa kuandika magazetini. Tena hakuwa Mkatoliki mpaka alipokuwa amekwisha timiza miaka 48. Jina lake ni Gilbert Keith Chesterton, Mwingereza, aliyefariki mwaka 1936.

Wengi wamjua kwa hadithi zake za Padre Brown, yule padre mfupi mwenye mwavuli afichuaye wezi na wauaji. Sisi twataka kumtazama kwa upande mwingine. Kwa zaidi ya miaka 30, juma kwa juma, Chesterton alibishana hadharani na watu mashuhuri wa nchi yake juu ya mambo makubwa: Mungu, mwanadamu, ndoa, mali na haki. Na wengi wa wapinzani wake wakubwa walibaki rafiki zake mpaka mwisho. Jambo hilo si dogo. Yafaa tuulize alilipata wapi, na pia tuulize ni wapi alipolikosa.

UTOTO NA MASOMO

Gilbert alizaliwa mjini London, katika mtaa wa Kensington, tarehe 29 Mei 1874. Jamaa ya baba yake walikuwa na kampuni ya kuuza na kupangisha nyumba. Baba mwenyewe, Bwana Edward, alipenda zaidi kazi za mikono. Aliwatengenezea watoto wake jukwaa dogo la michezo, lenye watu wa karatasi nene waliopakwa rangi, na mchezo huo Gilbert hakuuacha hata alipokuwa mtu mzima. Dada yake alifariki angali mtoto. Mwaka 1879 akazaliwa mdogo wake, Cecil, na tangu Cecil alipoweza kusema, ndugu hao wawili hawakuacha kubishana. Gilbert alisimulia baadaye kwamba walibishana maisha yao yote wasigombane hata mara moja. Basi, kabla ya kuingia shule yoyote, alikuwa amekwisha jifunza nyumbani kwamba mtu aweza kumpinga ndugu yake bila kumchukia.

Katika shule ya St Paul's walimu walimwona mzito wa akili. Alikuwa mrefu kupita wenzake, msahaulifu, mwenye kujaza picha pembezoni mwa vitabu vyake. Lakini yeye na rafiki zake walianzisha chama cha midahalo, wakawa wakikutana majumbani mwao, kwa chai na keki, kujadili vitabu na mashairi. Mwaka 1892 alipata tuzo ya shule kwa shairi alilotunga juu ya Mtakatifu Fransisko Ksaveri. Miaka 30 ilikuwa bado kupita kabla hajaingia katika Kanisa la mtakatifu huyo.

GIZA NA SHUKRANI

Rafiki zake walipokwenda Oxford na Cambridge, yeye aliingia chuo cha uchoraji cha Slade, mjini London. Wazazi wake walimbatiza katika Kanisa la Uingereza, lakini hawakuwa watu wa kushika sana dini, na kijana huyu hakuwa na msingi wa kusimamia. Miaka ile ikawa ya giza. Alichezea mambo ya kuwaita pepo, jambo ambalo baadaye aliwaonya watu wajiepushe nalo. Alianza kudhani kwamba labda ulimwengu wote ni ndoto yake mwenyewe. Alichora picha za kutisha, hata rafiki zake wakaogopa kwamba ataharibikiwa na akili.

Kilichomtoa gizani hakikuwa kitabu wala hotuba, ila shukrani. Aliona kwamba kuwapo tu, kuona jua, majani na nyuso za watu, ni zawadi kubwa ambayo hakuna aliyeistahili. Na kama ni zawadi, basi hapana budi yuko Mtoaji. Kutoka wazo hilo moja alianza kutembea, polepole, mpaka akafika kwa Mungu.

Katika mwendo huo alipata msaidizi. Mwaka 1896 alikutana na binti mmoja, Frances Blogg, wakafunga ndoa tarehe 28 Juni 1901. Frances alikuwa Mwanglikana mwenye kuishika dini yake kwa matendo, na Gilbert alistaajabu, maana watu wa dini ya maneno alikwisha waona wengi. Mungu hakuwajalia watoto, na hilo lilikuwa huzuni kubwa kwa wote wawili. Hawakuifanya huzuni hiyo kuwa uchungu. Nyumba yao ilijaa watoto wa ndugu na wa majirani, na lile jukwaa la watu wa karatasi lilirudi kazini.

Frances alikuwa na kazi ya kumtunza mume aliyekuwa karibu mita mbili kwa urefu, mnene kupita kiasi, asiyejua saa wala njia. Siku moja, akiwa safarini kwenda kutoa hotuba, Gilbert alimpelekea mkewe simu ya kumwarifu mji alipo na kumwuliza ni mji gani aliopaswa kuwapo. Watu wameicheka hadithi hiyo mpaka leo. Nasi twaweza kucheka, lakini tusisahau kwamba bila mke huyo mvumilivu huenda vitabu vile visingaliandikwa.

MTU WA MAGAZETI

Chesterton aliandika vitabu kama 80 na makala elfu kadhaa, lakini mwenyewe alijiita mwandishi wa magazeti. Mwaka 1901 alianza kuandika katika gazeti la Daily News. Mwaka 1905 akapewa ukurasa wa kila juma katika The Illustrated London News, akaushika mpaka kufa kwake, miaka 31. Ukurasa huo peke yake ulitoa makala zaidi ya 1,500. Aliziandika mahali popote: katika vyumba vya chakula vya mtaa wa Fleet, mtaa wa magazeti, au kwenye kituo cha treni, mara nyingi akichekelea maneno yake mwenyewe.

Hakuandika ili kuwapendeza wakubwa. Vita vya Waingereza na Makaburu huko Afrika Kusini vilipoanza mwaka 1899, karibu nchi nzima ilishangilia. Chesterton, aliyeipenda nchi yake, alipinga. Aliona kwamba mtu aipendaye nchi yake kwa kweli lazima aelewe kwamba mwenziwe naye aipenda ya kwake, hata kama ni ndogo.

Makala moja yake ilifika mbali. Mwezi wa Septemba 1909 aliandika juu ya Wahindi waliodai kujitawala. Hoja yake ilikuwa kwamba, kama wautaka uhuru, wautake uwe wa Kihindi, wenye mila na roho ya nchi yao, wasitake tu kuwa Waingereza wa namna nyingine. Mohandas Gandhi alikuwa London wakati ule kwa ajili ya madai ya Wahindi wa Afrika Kusini. Aliisoma makala hiyo, ikamgusa sana, akawaandikia wasomaji wa gazeti lake la Indian Opinion, huko Natal, waitafakari. Mwandishi wa gazeti hajui kalamu yake itamfikia nani.

KUBISHANA BILA KUCHUKIANA

Katika miaka ile waandishi wengi wa Uingereza waliuona Ukristo kuwa jambo la zamani lililokwisha. Mwaka 1905 Chesterton alitoa kitabu kiitwacho Heretics, maana yake Wazushi, akizipima fikra za watu mashuhuri mmoja mmoja. Mhakiki mmoja akamtaka kwanza aonyeshe imani yake mwenyewe kabla ya kuwasumbua wengine juu ya imani zao. Akajibu kwa kitabu cha mwaka 1908, Orthodoxy, yaani Imani Iliyo Sawa. Humo anaeleza jinsi alivyojitungia falsafa yake mwenyewe, akaisafisha na kuitengeneza, na alipomaliza akaona kwamba ilikuwa imekwisha kuwapo tangu Mitume.

Mpinzani wake mkubwa alikuwa George Bernard Shaw, mtunga michezo ya kuigiza. Kwa kuwatazama tu, watu walicheka: Shaw alikuwa mwembamba, hali nyama wala hanywi pombe; Chesterton alikuwa kinyume chake katika yote. Shaw aliamini kwamba mwanadamu wa kawaida apitwe, aje mtu bora kuliko yeye. Chesterton aliamini kwamba mwanadamu wa kawaida, mwenye mke, watoto na deni dukani, ndiye ambaye Kristo alimfia. Walibishana vitabuni, magazetini na majukwaani, na mwaka 1927 mdahalo wao mmoja ulitangazwa kwa redio. Hawakupatana katika dini wala katika siasa. Lakini Chesterton alipofariki, Shaw alimwandikia mjane mara moja kumwuliza kama ana haja ya fedha.

Siri ilikuwa nini? Chesterton hakumdhania mpinzani wake kuwa mpumbavu au mwovu. Alimsikiliza mpaka akaielewa hoja yake, mara nyingi akaieleza vizuri kuliko mwenyewe, kisha akaijibu. Na mzaha wake mkali kuliko wote aliuelekeza kwenye unene wake mwenyewe.

PADRE O'CONNOR NA PADRE BROWN

Mwanzoni mwa karne ile Chesterton alifahamiana na padre mmoja Mwailandi, John O'Connor, aliyefanya kazi katika parokia za Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza. Siku moja walikuwa wakitembea pamoja, na Chesterton akamweleza mambo ya uhalifu aliyokusudia kuyaandika. Padre kwa upole akamwonyesha mahali alipokosea, akimfunulia maovu ambayo mwandishi huyo wa mjini hakuwahi kuyasikia. Walipofika nyumbani walikokuwa wageni, wanafunzi wawili wa chuo kikuu waliongea na padre huyo. Alipotoka, wakasema kwamba ni mtu mwema, ila masikini amefungiwa mbali na ubaya wa dunia. Chesterton alijizuia asicheke. Alifahamu kwamba padre anayekaa katika kiti cha maungamo ajua juu ya dhambi mara mia kuliko vijana wale wawili.

Hapo ndipo alipozaliwa Padre Brown, ambaye kitabu chake cha kwanza kilitoka mwaka 1911. Padre huyu hawashindi wahalifu kwa ujanja. Hujua kwamba yeye pia ni mwanadamu, na kwamba bila neema ya Mungu angeweza kufanya yale yale waliyoyafanya. Wala shabaha yake si gereza; ni toba. Mwizi mkubwa Flambeau, aliyekimbizwa na polisi wa nchi nyingi, hatimaye aacha wizi na kuwa rafiki yake.

PALE ALIPOKOSEA

Hatungekuwa wakweli tukiyasema mema tu. Mwaka 1912 Cecil, aliyekuwa amekwisha ingia Kanisa Katoliki, alianza kuwashutumu gazetini mawaziri fulani kwa kununua hisa za kampuni ya Marconi ya Marekani, wakati serikali yao ilikuwa ikifanya mapatano na kampuni ya Marconi ya Uingereza. Mambo mengine katika shutuma yake yalistahili kuulizwa, lakini maneno yake yalipita mpaka. Mkurugenzi wa kampuni hiyo, Godfrey Isaacs, aliyekuwa ndugu wa mmoja wa mawaziri hao, alimshtaki, na mwaka 1913 Cecil akapatikana na hatia, akatozwa faini ya pauni 100. Ndugu hao wawili, Godfrey na waziri Rufus Isaacs, walikuwa Wayahudi.

Jambo hilo liliacha kidonda moyoni mwa Gilbert. Mwishoni mwa mwaka 1914 aliugua vibaya, akalala miezi mingi akiwa karibu na kifo. Alipopona, Cecil alikwenda vitani, na tarehe 6 Desemba 1918 akafa katika hospitali huko Ufaransa. Mwezi ule ule Gilbert alichapisha barua kali yenye uchungu dhidi ya Rufus Isaacs. Na katika maandishi yake mengi ya miaka ile aliwasema Wayahudi kana kwamba ni kundi moja la kutiliwa shaka, wageni katika nchi walizozaliwa. Yeye aliyejua kumtenga mtu na kosa lake, hapa aliwabebesha watu wote wa taifa moja kosa la wachache, tena kosa jingine halikuwapo.

Ni kweli kwamba Hitler alipoanza kuwatesa Wayahudi mwaka 1933, Chesterton alimlaani waziwazi, akayadhihaki mafundisho yake ya damu na kabila. Ni kweli pia kwamba Godfrey Isaacs aliingia Kanisa Katoliki kabla ya kufa, na Gilbert aliona faraja kwamba yeye na Cecil, maadui wa mahakamani, walikufa katika Kanisa moja. Lakini maneno yaliyokwisha chapwa hayarudi. Mtaguso Mkuu wa Pili wa Vatikano, mwaka 1965, ulifundisha wazi kwamba Kanisa lachukizwa na chuki yoyote dhidi ya Wayahudi. Kwa kipimo hicho twapaswa kuyapima maandishi ya kila Mkatoliki, hata yule tumpendaye.

MLANGONI PA KANISA

Watu waliosoma Orthodoxy walidhani kwamba mwandishi wake ni Mkatoliki. Bado alikawia miaka 14. Sababu moja kubwa ilikuwa Frances. Hakutaka kuingia bila mkewe, maana ni yeye aliyemfundisha kusali. Mwishowe hakuweza kungoja tena. Tarehe 30 Julai 1922 alipokelewa na Padre O'Connor na mmonaki Ignatius Rice. Mji mdogo wa Beaconsfield, walikohamia mwaka 1909, haukuwa na kanisa Katoliki. Ibada ilifanyika katika chumba cha hoteli kilichokuwa chumba cha dansi, chenye paa la mabati. Frances alikuwapo, akilia. Gilbert hakumsukuma wala kumlaumu. Miaka minne baadaye, siku ya Watakatifu Wote, tarehe 1 Novemba 1926, Frances akaja mwenyewe.

Watu walipomwuliza kwa nini amejiunga na Kanisa la Roma, jibu lake halikuwa la falsafa. Alisema ni kwa sababu ya kuondolewa dhambi zake. Mtu aliyewashinda wenye hekima wa London kwa maneno alipiga magoti kama mtoto mbele ya padre.

KAZI YA MWISHO

Mwaka 1922 huo huo alitoa kitabu cha kuwapinga wale waliotaka serikali iwazuie maskini na wenye akili dhaifu wasizae. Fikra hiyo ilipendwa na wasomi wengi wa wakati wake. Ulimwengu uliona baadaye ilikoelekea. Tangu mwaka 1925 aliendesha gazeti lake mwenyewe, kwa hasara na kwa fedha zake, ili kuendeleza kazi ya marehemu mdogo wake. Pamoja na rafiki yake Hilaire Belloc alifuata mafundisho ya Papa Leo XIII ya mwaka 1891 juu ya haki za wafanyakazi, akatetea kwamba kila jamaa iwe na kipande chake cha ardhi, nyumba yake au karakana yake, mali isikusanywe mikononi mwa matajiri wachache wala mikononi mwa serikali.

Aliandika maisha ya Mtakatifu Fransisko wa Asizi mwaka 1923, na ya Mtakatifu Tomaso wa Akwino mwaka 1933. Kitabu cha The Everlasting Man, cha mwaka 1925, juu ya nafasi ya Kristo katika historia ya wanadamu, kilimsaidia C. S. Lewis, kijana asiyeamini, kurudi kwa Mungu. Katika miaka yake ya mwisho alizungumza redioni, na watu ambao hawakupata kusoma vitabu vyake wakampenda kwa sauti yake.

Mwezi wa Juni 1936 moyo wake ulichoka. Alipakwa Mafuta Matakatifu. Padre Vincent McNabb, Mdominiko, alimwimbia Salve Regina kando ya kitanda, kisha akaichukua kalamu iliyokuwa mezani, akaibusu. Chesterton alifariki tarehe 14 Juni, akiwa na umri wa miaka 62. Papa Pius XI, kwa mkono wa Kardinali Pacelli, alipeleka rambirambi kwa Askofu Mkuu Arthur Hinsley wa Westminster, yule aliyekuwa amewahi kuwa Mjumbe wa Papa katika Afrika, makao yake Mombasa. Katika simu hiyo Baba Mtakatifu alimtaja marehemu kuwa mtetezi wa imani Katoliki. Frances alimfuata tarehe 12 Desemba 1938.

LA KUTUFAA SISI

Wako waliotamani Chesterton atangazwe mtakatifu. Mwaka 2019 Askofu Peter Doyle wa Northampton, jimbo alimozikwa, alitangaza kwamba hatafungua kesi hiyo. Alitaja sababu tatu: mahali pale hapakuwa na ibada ya watu kwake, maandishi yake hayakuonyesha wazi njia yake ya maisha ya kiroho, na lile suala la Wayahudi. Wengine walihuzunika. Sisi twaona kwamba Kanisa mama yetu halimpunguzii mtu shukrani anayostahili kwa kukataa kulificha kosa lake.

Nasi tujipime. Leo kila mtu ana kalamu yake: katika simu, katika mkutano wa jumuiya, mezani nyumbani. Twabishana juu ya siasa, juu ya madhehebu, juu ya urithi wa shamba. Ni rahisi sana kumwacha mtu na hoja yake, tukalishika kabila lake, dini yake au ukoo wake. Chesterton alilijua kosa hilo kwa wengine akalipinga. Uchungu wa kufiwa ulipomwingia, akalitenda mwenyewe. Ikiwa mtu mwenye moyo mpana kama wake aliweza kuanguka hapo, sisi tusijidhanie kuwa salama.

Wazazi wawaruhusu watoto wao kubishana, maana akili haikui kwa kunyamaza. Lakini kabla ya kulala, waliobishana na wapeane mikono na kusali pamoja. Ndivyo walivyofanya urafiki ndugu wawili wa Kensington, na mmoja wao aliubeba urafiki huo mpaka katika ukurasa wa gazeti, ukadumu miaka 31.